Wimbi Nililolituma Kasanga

Rafiki yangu alifundisha fizikia miaka mingi kabla ya kupunguzwa kazi. Neno hilo, kupunguzwa, lilikuja na miaka ya ruksa, pamoja na mitumba, sabuni za kila rangi na mabasi ya watu binafsi. Tulijua chumvi hupunguzwa kwenye mboga. Kwamba mtu naye hupunguzwa tulijifunza tulipowaona wakishuka stendi na masanduku yao ya bati. Yeye alirudi Chanji, mtaa wa pili kutoka kwangu, akafungua kibanda cha kutengeneza redio. Redio za kutengeneza hazikuwa nyingi. Muda uliobaki, na ulikuwa mwingi, aliutumia kwa elimu yake.

Aliiita elimu ya mawimbi ya habari. Sijawahi kuisikia kwa mtu mwingine, na nadhani alikwenda nayo kaburini. Alisema habari ikishatoka kinywani huacha kuwa mali ya msemaji. Inakuwa wimbi, husafiri kwa mwendo unaopimika, hugonga ukingo na kurudi, na kila inapopita vitu husogea kidogo kutoka vilipokuwa.

Jumatatu moja mtu alisema sokoni kwamba sukari itaadimika. Haikuwa kweli. Magunia yalikuwa yamepangwa madukani hadi karibu na dari. Lakini sisi tulikuwa tumetoka juzi tu kwenye foleni za duka la ushirika, na miguu yetu ilikuwa bado inazikumbuka. Kila aliyesikia alinunua kilo mbili badala ya nusu, na Ijumaa sukari ikawa imekwisha kweli. Rafiki yangu aliifuatilia habari ile kama mwindaji. Jumatano ilikuwa imeteremka bondeni hadi Milepa, na njiani ilikuwa imeokota chumvi. Kule wafugaji waliohamia kutoka kaskazini huwapa ng'ombe wao chumvi, na mmoja aliuza dume zima ili aweke akiba. Jumamosi habari ilirudi mjini ikiwa na sukari, chumvi na mafuta ya taa.

"Imeondoka hapa ikiwa uongo," aliniambia akichora mstari kwenye daftari la miraba, "imerudi ikiwa kweli. Fizikia ya kawaida haiwezi kueleza hilo."

"Tamaa inaweza," nilimjibu.

Alinivuta mpaka mlangoni pake, ambako aliweka karai la maji. Juu ya maji kilielea kizibo cha chupa. Alidondosha kokoto, na kizibo kikaanza kucheza.

"Kizibo ni wewe, katekista."

"Na kokoto?"

"Kokoto ni mama wa migebuka."

Tulicheka wote. Mama huyo alikuwa muuza samaki wetu. Kila Jumanne aliteremka na lori hadi Kasanga, bandari yetu ya Ziwa Tanganyika, akarudi Ijumaa na matenga ya migebuka waliokaushwa kwa moshi. Aliuza samaki kwa pesa na habari bila malipo, na wengi walikuja mezani kwake kwa hizo za pili.

Mimi nilikuwa katekista wa parokia. Nilisomea kazi hiyo kwa mapadre miaka miwili nikiwa kijana, na tangu hapo nilifundisha mafundisho, nilizika watu padre alipokuwa safarini, na kila Jumapili nilisoma matangazo mwisho wa misa. Nilimsikiliza rafiki yangu kwa subira ile ninayomsikilizia mgonjwa. Nilimwambia kwamba liko Neno moja tu lililoumba ulimwengu, haya yetu hutikisa hewa. Hakukasirika. "Sawa," alisema, "mimi napima huko kutikisika."

Ningeishia hapo, kucheka na kizibo, kama mwanangu wa mwisho asingeondoka.

Alikuwa akipima mahindi kwenye ghala la ushirika. Ghala lilipofungwa alikaa nyumbani miezi kadhaa, akichonga mipini ya majembe ambayo hakuna aliyeihitaji, kisha akasema anateremka Kasanga kutafuta kazi kwenye maboti. Barua moja ilikuja, ikisema anataka kuvuka kwenda Mpulungu, upande wa Zambia. Baada ya hiyo, kimya. Mwaka ukapita, na wa pili ukafuata.

Mke wangu alianza kuvimba miguu. Pumzi yake ikawa fupi hata kwa kutoka jikoni mpaka mlangoni. Daktari alimsikiliza kifua kwa muda mrefu, akaniambia pembeni kwamba moyo umechoka, nimpe vidonge hivi na nisiuache upate wasiwasi. Nilimshukuru. Nilirudi nyumbani na vidonge mkononi, nikijiuliza nusu ya pili ya dawa ile inauzwa wapi.

Kila Ijumaa mke wangu alimtuma mtoto wa jirani kumwita mama wa migebuka, na mama yule, kwa ubinadamu wake, aliacha meza yake akaja.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Umemwona?"

"Sijamwona, mama. Nimeuliza mwaloni kote, maboti yanapotia nanga, na wavuvi nimewauliza."

"Hata maiti?"

"Mama, usiseme hivyo."

Ikafika Ijumaa moja mke wangu hakuuliza. Alimpokea, akamkaribisha, akamtazama tu, na jioni hakula. Kesho yake hakula.

Rafiki yangu alikuwa ameshaniambia zamani: tupa kokoto. Nilikataa, kwa sababu nilifundisha amri ya nane, ile ya kutosema uongo, kwa watoto wa komunyo ya kwanza na nilijua maana yake vizuri. Lakini siku ile ya pili nilitoka nyumbani na sahani ya ugali wa ulezi ikiwa imefunikwa vilevile nilivyoiacha mezani, nikaenda hadi kibandani kwake.

"Nikisema kitu, kitamfikia?"

"Inategemea. Habari isiyo na alama hufia njiani, pale Matai, haifiki hata ziwani. Weka kitu kidogo ambacho watu watakumbuka."

"Kitu gani?"

"Wewe ndiye baba. Mimi nitajuaje?"

Nilitembea mpaka sokoni, na njiani nilijitengenezea mlango wa kutokea. Sikukusudia kusema uongo. Nilikusudia kuuliza. Nilijiambia kwamba aliyeuliza hajashuhudia lolote, na kwamba hakuna padre anayeweza kumwekea mtu malipizi kwa sababu ya swali. Niliyasoma mafundisho ya imani kwa miaka yote hiyo, na hayo ndiyo matumizi niliyoyapata siku ile.

"Mama," nilimwambia muuza samaki, "hivi ni kweli haya ninayoyasikia? Kwamba kijana wangu yuko Mpulungu, amefungua duka la mitumba, amenenepa, na anavaa saa mkono wa kulia?"

Aliacha kupanga samaki. "Nani kasema?"

"Nasikia tu. Nauliza."

"Mkono wa kulia?"

"Ndivyo nilivyosikia."

"Ee Mungu! Jumanne nateremka, nitaulizia mpaka kieleweke."

Sikulala vizuri, lakini sikurudi kumzuia.

Baada ya wiki tatu mgeni alipiga hodi kwetu. Alikuwa mfanyabiashara wa dagaa kutoka Kasanga, Mwislamu wa makamo mwenye kofia safi na sauti ya chini, ambaye hatukumjua kabla. Kwetu mgeni akishakunywa maji hutoa habari za alikotoka, zote, na mwenyeji hamkatizi. Alitoa za barabara, za mvua na za ziwa. Kisha akamgeukia mke wangu, akasema kwamba Mwenyezi Mungu ni mwema: watu mwaloni wanasema kijana wetu ni mzima, yuko Mpulungu, ana duka la nguo, ameota mwili, saa yake huvaa mkono wa kulia.

Niliijua habari ile kama mtu anavyolijua shati lake likivaliwa na mwingine. Mke wangu hakuijua. Alishuka kwenye kigoda kwa taabu, akachuchumaa, akapiga makofi polepole kama wanavyofanya mama zetu wa Kifipa wakimheshimu mtu, na machozi yakimtoka. Mgeni aliona haya, akainamisha kichwa.

Siku ile alikula. Akala na kesho yake. Mwezi haukuisha kabla hajaanza kutoka nje na kukaa juani akichambua maharage, na vidole vya miguu, ambavyo vilikuwa vimepotea ndani ya uvimbe, vikaanza kuonekana tena kimoja kimoja. Jumuiya yetu ndogo ilikuja nyumbani kusali sala ya shukrani. Aliyeiongoza ni mimi. Nakumbuka nilivyotafuta maneno ambayo yangekuwa ya kweli, nikapata ya kumshukuru Mungu kwa ugali.

Rafiki yangu alijaza kurasa. Duka moja lilikuwa maduka mawili lilipopita Matai. Baada ya Pasaka likapata boti. Vijana wawili wa Chanji waliteremka ziwani kumtafuta "tajiri" awape kazi. Jirani yangu, mcheshi, alianza kunisalimu kwa sauti ya sokoni: "Baba mwenye maduka, hujambo? Koti la baridi utatuletea lini? Huku upepo unatumaliza!" Nilicheka naye. Nilikuwa nimechoka kwa namna ambayo usingizi hauiondoi.

Mwaka ulipita. Kijana hakuja, na hakuna barua iliyofika. Sasa likatokea jambo ambalo mimi na rafiki yangu, pamoja na karai lake, hatukuwa tumelifikiria.

Mke wangu aliniuliza, siku moja tukiwa tunapukuchua mahindi, "Kutoka Mpulungu mpaka hapa ni siku ngapi?"

"Mbili. Tatu, boti ikichelewa."

"Na mtu mwenye duka anaweza kumwachia mwenzake alilinde siku sita?"

"Anaweza."

Alipukuchua gunzi lile mpaka likawa tupu, akaendelea kulizungusha mkononi. "Nilipodhani amekufa," alisema, "nilikuwa nalia, lakini nilijua alinipenda."

Tangu siku ile uvimbe ulianza kurudi. Akiletewa habari za kijana aligeuza uso, kama mtu anayesikia habari za kijana wa watu wengine. Daktari aliniambia mara hii kwamba kama kuna ndugu wa mbali ni vizuri waje mapema.

Katikati ya siku hizo yule mfanyabiashara wa dagaa alinifuata shambani. Nilikuwa napalilia matuta ya maharage ya kiangazi, yale niliyoyamwagilia maji ya kijito. Alisimama kwenye ukingo wa shamba, viatu mkononi, hakutaka kukanyaga mimea.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba, mwanangu. Karibu."

"Mzee, nimekuja kuomba radhi."

Niliweka jembe chini. Alieleza kwamba mwezi uliopita alivuka mwenyewe hadi Mpulungu kwa biashara zake, na kwa kuwa aliwahi kula chumvi ya nyumba yangu alikwenda kumwona mwanangu. Hakulikuta duka. Alimkuta bandarini, kuli, akibeba mifuko ya saruji kutoka melini. Mwembamba, na kamba ya mizigo begani.

"Nilimwuliza kwa nini harudi kwao. Akasema, 'Nyumbani wanasema nina maduka. Watu wa kwetu wakinikuta hapa wananiita tajiri, wanacheka, halafu wananiomba mkopo. Nitamtokeaje mama na kamba hii?' Mzee, habari niliyowaletea haikuwa sahihi. Niliisikia kwa watu, nikaibeba bila kuihakikisha. Nimemdanganya mama mgonjwa. Sijalala vizuri. Nisamehe."

Alikuwa amesimama pale juani akinisubiri nimsamehe dhambi yangu mimi.

Ningeweza kumsamehe. Nilikuwa nayo hata sentensi. Badala yake niliketi juu ya tuta, nikaharibu mashina mawili ya maharage, nikamwambia kila kitu: swali, saa, mkono wa kulia.

Aliviweka viatu chini. Kisha alisema taratibu, "Kumbe mzigo niliobeba ulikuwa wako."

"Ulikuwa wangu."

"Basi nimekurudishia, mzee. Mimi sikudai kitu." Alivaa viatu, akavivua tena kwa sababu ya tope. "Lakini mama?"

Nilikwenda moja kwa moja kwa rafiki yangu, na udongo ukiwa bado magotini. Nilitaka, nadhani, anilaumu. Alisikiliza, akatafuta ukurasa, akatazama mistari yake kwa huzuni ya mtu aliyeona hesabu yake imetoka sawa.

"Ilimfikia," alisema. "Ilimgonga yeye, ikamsukuma mbali zaidi."

"Inazuiwaje?"

"Wimbi huzimwa na wimbi lililo sawa nalo, linalokuja kinyume. Yakikutana, maji yanatulia. Lakini liwe sawa, katekista. Ukimnong'oneza mtu mmoja haitoshi. La kwanza lilitoka kwako, likapita sokoni, likapita kwenye sala. La pili nalo lipite hukohuko."

"Yaani niseme kanisani."

"Mimi nazungumzia maji," alisema, akatazama pembeni.

Nilianza na mke wangu, kwa kuwa yeye ndiye niliyemkosea kwanza. Alikuwa amelala kwa ubavu, amegeukia dirisha. Nilimwambia nikiwa nimesimama, kama mtoto mbele ya mwalimu.

"Kwa hiyo hana saa," alisema.

"Sidhani kama ana saa."

"Na hajanenepa."

"Hajanenepa."

"Anabeba saruji."

"Ndiyo."

Alifumba macho. Nilidhani amekataa kunitazama, na nilijua ana haki. Kumbe alikuwa anakusanya pumzi. "Mtu mzima, unapiga magoti kila siku, halafu unanifanya nimchukie mwanangu miezi yote hii." Alipumzika. "Mwambie aje na njaa yake. Useme hivyohivyo. Mama yake amesema aje na njaa yake."

Padre, nilipomwungamia, alisema Kanisa halimlazimishi mtu kuungama mbele ya watu, na kwamba nilikuwa tayari nimeondolewa dhambi. Nilimshukuru, nikamwomba ruhusa hata hivyo. Jumapili nilisoma matangazo: ndoa mbili za kutangazwa mara ya pili, michango ya bati la sakristia, kikao cha akina mama. Karatasi ilipoisha niliikunja. Nilisema mwanangu hana duka, ni kuli Mpulungu, anafanya kazi halali, na kwamba habari za duka niliziunda mimi. Niliomba radhi. Nikasema anayeteremka ziwani ampelekee maneno ya mama yake: aje na njaa yake.

Bibi mmoja benchi la mbele alipiga makofi mawili ya chini chini, yale ya heshima, akaacha. Nje nilimsikia kijana mmoja akimwambia mwenzake, "Mshikaji, katekista katupiga changa la macho mwaka mzima!" Mwenzake akajibu, "Poa tu, mimi nilishaanza kumdai koti." Wiki iliyofuata padre aliniambia kwa upole nipumzike kidogo kusoma matangazo. Nilipumzika. Hakuna aliyeniambia nirudi, nami sikuuliza.

Mama wa migebuka nilimwendea siku ya Jumatatu. Alinipokea mikono kiunoni.

"Ehe! Kumbe mimi punda wako! Unanipakia uongo, natembea nao mpaka mwaloni, naapa kwa jina la mama yangu!"

"Nisamehe, mama."

"Na saa mkono wa kulia! Nilikuwa nawaonyesha mpaka na kifundo! Watu wazima hawa!" Alipiga samaki kwenye meza kutoa majivu, mmoja, wawili, watatu. Kisha sauti ikashuka. "Sasa nibebe nini?"

"Mama yake amesema aje na njaa yake."

"Hayo tu?"

"Hayo tu."

"Haya ni mepesi," alisema, na Jumanne akateremka nayo.

Rafiki yangu alihesabu wiki tatu za kwenda, akaongeza tatu za kurudi, akaweka alama nyekundu kwenye daftari. Siku ya alama ilifika, ikapita. Aliisogeza mbele wiki moja, kisha nyingine, na kila alipoisogeza aliifuta ya kwanza kwa uangalifu ili karatasi isitoboke. Mvua za kwanza zilinyesha. Mke wangu alikuwa haamki tena bila kushikwa. Kila asubuhi nilisali rozari kando ya kitanda chake. Sikuomba mambo makubwa. Nilikuwa nimeona ninavyofanya na makubwa.

Mwanangu alikuja mchana, siku ya Ijumaa, juu ya lori la mizigo. Nilimwona akitoka barabarani akiwa analoa, mwembamba kuliko alivyoondoka, kamba imezungushwa begani. Alinipa shikamoo, nikaitika. Alipita ndani.

"Shikamoo mama."

Mke wangu alimtazama kuanzia miguuni, taratibu, hadi juu. Aliitazama pia mikono yote miwili, nadhani kwa ajili ya saa.

"Una njaa?"

"Nina njaa, mama. Sijala tangu jana."

Alicheka. Kicheko kile kilimkata pumzi, tukamwinua, na alipoweza kusema alisema, "Baba yako anajua ugali ulipo."

Aliishi mavuno mawili mengine. Namshukuru Mungu kwa kila siku yake, nazo zilikuwa nyingi kuliko nilizostahili kuziona. Kijana alikaa, akalima, na baadaye akapata kazi kwa mnunuzi binafsi wa mahindi, kupima tena, kama zamani.

Siku chache baada ya kurudi kwake nilimwuliza, tukiwa tunarekebisha mfereji wa maji ya mvua.

"Ulilisikia tangazo langu?"

"Tangazo gani, baba?"

"Maneno ya mama yako. Hukuletewa?"

"Sijaletewa kitu." Alichota koleo la tope. "Nilichoka tu, baba. Siku moja niliamka nikaona nimechoka, nikapanda boti."

Niliyapeleka hayo kwa rafiki yangu, kwa kuwa nilikuwa nimeahidi kutomficha kitu. Aliyasikia kama mtu anayepunguzwa kazi mara ya pili. Alifungua daftari, akachukua rula, akaiweka juu ya ile alama nyekundu ili aikate. Nilimhurumia, nikatafuta la kuongeza, safari hii la kweli.

"Ila alisema kitu kimoja. Wale waliokuwa wakimwita tajiri pale bandarini, kuna wakati waliacha. Hajui kwa nini. Waliacha tu, wakawa wanamwita kwa jina lake."

Aliinua rula kutoka kwenye ukurasa. "Ni kabla hajachoka, au baadaye?"

"Sikumwuliza."

"Mwulize, katekista. Tafadhali. Nahitaji wiki tu, hata tarehe sihitaji."

Nilimwambia nitauliza. Nilirudi nyumbani nikiwa na nia hiyo. Mlangoni nilimkuta kijana amesimama juu ya kiti, anafunga ile kamba ya mizigo kutoka nguzo ya baraza hadi kwenye mti wa mkaratusi, na mama yake, aliyeletwa nje pamoja na kiti chake, anamwelekeza.

"Juu zaidi. Shuka zitaburuta."

"Hapo?"

"Hapo. Kaza."

Alikaza. Nilishika beseni la nguo zilizofuliwa, nikaanza kumpa moja moja azianike. Swali la rafiki yangu nilikuwa nalo mdomoni, na niliona linaweza kusubiri nguo ziishe. Zilipoisha tuliingia kula.